Mwanga Nyuma ya Pazia la Mama Agnès

Jua lilifunikwa Musonoi, mtaa wa mji wa Kolwezi, siku ya Jumanne, Mushiya alipokuwa anaanika mihogo juu ya bati mbele ya nyumba. Alikuwa ameshailoweka, imechachuka vizuri, na sasa alikuwa anaivunjavunja kwa mkono na kuipanga ili kila kipande kipate upepo wake. Binti yake Abigaëlle, ambaye jino lake la mbele lilikuwa limeanza kulegea, alishika kijiti cha kufukuzia kuku. Kivuli kilianzia upande wa shimo la Kampuni ya shaba, kikapanda lundo la udongo, kikavuka barabara, kikafika kwenye bati. Mwezi ulikuja ukasimama mbele ya jua kama mtu anayesimama mlangoni asipige hodi. Pembeni ukabaki mviringo mwembamba, rangi ya waya wa shaba.

Mushiya aliangalia juu, kisha akaangalia mihogo yake.

"Itaoza," alisema.

Akina mama wa avenue, mtaa wao ule, walitoka na sufuria na vifuniko, wakapiga, kwa sababu ndivyo bibi zao walivyofanya ili mwezi uachilie jua. Walipiga mpaka mikono ikachoka. Mwezi haukuachilia. Mama mmoja alisema sufuria za siku hizi ni nyepesi, hazina sauti. Basi kila mtu akarudi kwake kuwasha mbabula za makaa, maana watoto walikuwa na njaa.

Kesho yake jua lilichomoza likiwa limefunikwa vile vile, na keshokutwa pia. Kuku walipanda kulala asubuhi, wakasubiri, wakaona njaa inawauma, wakashuka kula gizani. King'ora cha Kampuni kililia saa zake. Watu waliotoka Mutshatsha kwa treni walisema huko jua linawaka kama kawaida, hivyo wenye mihogo wakawa wanaipakia kwenye mabehewa, wanaenda kuianika Mutshatsha, wanarudi na unga. Mwezi ulisimama juu ya Kolwezi tu.

Mwaka ule ulikuwa mwaka wa kufukuzana. Bei ya shaba ilikuwa imeanguka, mashine nyingi za Kampuni zilikuwa zimelala, na wanaume walikuwa wanakaa nyumbani mchana na nguo za kazi. Kukatokea watu wakubwa waliosema kwamba kazi haikwisha, kazi imechukuliwa na watu wa jimbo la Kasai. Babu zao waliletwa na treni kuchimba shimo hili hili, wakiwa vijana wenye meno yote. Sasa wajukuu waliambiwa warudi kwao. Wengi hawakujua hata kwao kunafananaje. Walifunga mizigo, wakaenda kulala kwenye gare, stesheni ya Kolwezi, kusubiri mabehewa, na vijana waliofunga vitambaa mkononi wakawa wanapita nyumba kwa nyumba kuona nani bado.

Vitu vilianza kuwaka wiki ile ile. Wa kwanza kuona alikuwa Polycarpe, mkubwa wa avenue, mtu mpole aliyependa kusalimia. Alikuwa ameng'oa mlango kwenye nyumba ya mwalimu mmoja aliyeondoka, mlango mzuri wa mbao ngumu, akaubandika kwake. Alipomaliza kupiga msumari wa mwisho, mlango ukaanza kutoa mwanga mweupe, mpole, kama maziwa ndani ya glasi. Mke wake alitoka akauangalia.

"Ni muzuri," alisema. "Tutachunga petroli ya taa."

Baada ya hapo ziliwaka beseni, viti, magodoro, mabati, vitenge. Kila kitu kilichochukuliwa kwa mtu aliyefukuzwa kiliwaka mikononi mwa aliyekichukua. Mpita njia aliweza kujua nani amechukua nini bila kuuliza mtu. Siku za mwanzo baadhi ya watu walifunika vitu kwa blanketi. Mwanga ukapita kwenye blanketi. Wakaacha, kwa sababu blanketi lenyewe lilihitajika.

Mzee Tshimanga, fundi viatu, alikutana na baiskeli yake kwenye njia panda. Alikuwa anaelekea gare na kifurushi kichwani. Baiskeli ilikuwa inakuja mbele yake inawaka mpaka kwenye nyaya za magurudumu, na juu yake alikaa kijana mmoja wa vitambaa.

"Mwana," alisema mzee, "hiyo kinga unapanda ni yangu."

"Najua, tata," alijibu kijana. Mtu yeyote angejua.

"Acha niiguse kidogo tu."

Kijana alisimama. Mzee Tshimanga aliweka mkono wake juu ya usukani, na baiskeli ikazimika yote, ikawa chuma cheusi. Walisimama hivyo gizani wote wawili.

"Tata, toa mukono," alisema kijana. "Sioni njia."

Mzee akatoa mkono. Baiskeli ikawaka.

"Aksanti, tata," alisema kijana, akaenda zake. Kwao alikuwa amefundishwa heshima.

Mushiya aliyasikia hayo yote, lakini hakuwa na hofu sana. Alikuwa wa Kasai, na ndugu zake walikuwa wameshapanda mabehewa ya kwanza, naye aliwalilia. Mwenyewe alikuwa ameolewa na mtu wa hapa. Mume wake Kabemba alikuwa fundi wa kuunganisha vyuma kwenye karakana ya Kampuni, Muluba wa Katanga, na ndoa yao ilifungwa kanisani. Mama mkwe wake, Mama Agnès, aliishi nyumba ya pili kwenye lupango lile lile, ua mmoja na wao. Siku ya harusi alicheza mpaka kiatu kikakatika.

Polycarpe alikuja saa ya kula, na vijana nyuma yake.

"Mama ya Abigaëlle, jambo."

"Jambo, tata Polycarpe. Kuya ukae, ukule."

"Hapana kukaa, tunapita tu. Banasema na bamama pia baende."

"Bamama gani?"

"Bale ya Kasai. Hata kama baliolewa na bantu ya hapa." Alisema kwa upole, kama mtu anayeleta habari ya mvua. "Kesho, mama. Usitupatishe kazi nguvu."

Mushiya aligeuka kumwangalia mume wake. Kabemba alikuwa ameshika tonge la bukari. Alilitazama lile tonge muda mrefu, akalichovya kwenye mboga, akalila.

Hapo ndipo Mushiya alipopata mshtuko. Jua lilipofunikwa hakushtuka, mlango wa Polycarpe ulipowaka hakushtuka. Lakini mtu huyu aliwahi kupigana na walevi wawili mbele ya kantini kwa sababu yake, akarudi na jicho limevimba, anacheka. Sasa alikuwa anatafuna. Mushiya alisikia meno yake.

"Ni ya kitambo kidogo," Kabemba alisema, vijana walipoondoka. "Joto itashuka. Utarudia."

"Mutoto naenda naye."

"Ni sawa."

"Kabemba. Nasema mutoto naenda naye."

"Nimesema ni sawa!"

Asubuhi, kama ile ilikuwa asubuhi, Mushiya alimvalisha Abigaëlle nguo tatu, moja juu ya nyingine. Mama Agnès alikuja akasimama mlangoni.

"Mutoto hatembei safari kubwa bila mpemba," alisema.

Ilikuwa kweli. Mpemba ni udongo mweupe, unasagwa, unalowekwa, na mama wa baba ndiye anayempaka mtoto kwenye paji la uso na tumboni, huku anataja majina ya wafu wa ukoo ili wamfungulie njia. Anafanya hivyo chumbani kwake, nyuma ya pazia. Mama wa mtoto anasubiri salo, sebuleni. Tena mke wa mtu havuki pazia la chumba cha wakwe zake, awe na haraka au mgonjwa, nyumba iwe inaungua. Mushiya alikuwa ameolewa miaka yote ile bila kujua rangi ya kitanda cha Mama Agnès, na aliona fahari kwa hilo.

Akampa mtoto mkono wa bibi yake.

Alikaa salo, kwenye ukingo wa kiti, kifurushi miguuni. Alisikia majina yanatajwa nyuma ya pazia, moja moja, la baba mkwe likiwa la mwisho. Alisikia Abigaëlle anacheka kwa sababu udongo ulikuwa baridi. Kisha kukawa kimya. Mama Agnès alitoka, mikono myeupe, akavuta kigoda, akakaa mbele ya pazia.

"Analala," alisema.

"Nitamubeba vile vile, mama."

"Mpemba inamukaukia mu usingizi, na we unataka kumulamusha? Wende. Kabemba atamuleta ku gare."

"Mama, naomba..."

"Weye njo utanifundisha mpemba?"

Vijana walikuwa wameshaanza kugonga ukuta kwa fimbo. Mushiya alisimama, akaangalia pazia. Lilikuwa na maua makubwa mekundu. Kulivuta ilikuwa kazi ya kidole kimoja.

"Bakia muzuri, mama," alisema.

"Wende muzuri, mwana wangu."

Gare ya Kolwezi ilikuwa imejaa mpaka kwenye reli. Watu walipika katikati ya njia za treni, walilala chini ya mabehewa yaliyokufa, walioga kwa kopo. Kwa sababu vitu vyao vizuri vilikuwa vimebaki kwa watu, pale kulikuwa na giza kuliko mahali pote mjini. Usiku na mchana mtu aliweza kusikia watoto wanakohoa. Waliokufa walizikwa nyuma ya ghala, na akina mama walipiga magoti kupapasa udongo ili wajue wapi pako wazi.

Kabemba alikuja na sufuria ya bukari na samaki.

"Mutoto iko wapi?"

"Anakuya. Nilitoka ku kazi, sikupita nyumbani."

Alikuja tena na blanketi.

"Mutoto iko wapi, Kabemba?"

"Iko na mama. Iko na homa kidogo."

Safari nyingine alikuja mikono mitupu, akakaa juu ya reli, akasema, "Mama anakatala," na akalia kidogo. Mushiya alimwangalia analia. Alitamani awe na kitu cha kumpiga nacho, lakini kilichokuwa karibu kilikuwa sufuria ya mwenzake, na ndani kulikuwa na uji.

Mzee Tshimanga ndiye aliyeleta habari. Alikuwa amerudi Musonoi kutafuta nyundo yake ya viatu. Aliipata inawaka kwenye dirisha la mtu, akaiacha.

"Mama Mushiya," alisema, akichuchumaa, "mu lupango ya bukwe yako kuko mwangaza. Inakimbiakimbia."

"Mwangaza ya nini?"

"Sijui. Ni fupi. Inakimbia mpaka ku miti ya mapapai, inarudia." Alifikiri kidogo. "Tena inacheka."

Mushiya aliinuka. Mama mmoja alimshika kitenge, akamwambia kwamba mabehewa yameshafika, yataunganishwa kichwa cha treni kesho, akiyakosa, vijana watamwua njiani. Mushiya alifungua kile kitenge, akamwachia mkononi, akaenda na gauni.

Alitembea kwa miguu mpaka Musonoi. Njia yote watu walikuwa wanakuja mbele yake na mizigo, yeye peke yake anarudi. Kwenye bomba la maji alikuta akina mama wanateka, beseni zao zinawaka, na maji ndani yalionekana mpaka chini. Walimjua.

"Mama Mushiya, unarudia?"

"Nafwata mutoto."

"Aa, ule! Anawaka sana, mutoto yako. Sisi tunamuona toka hapa."

"Ni mutoto ya kupendeza," alisema mwingine, na wakampisha apite.

Nyumba ya Mama Agnès haikuwa na taa, haikuwa na mshumaa. Mwanga ulitoka nyuma ya pazia, ukapita kwenye kitambaa, na yale maua mekundu yakawa makubwa ukutani, mengine juu ya dari. Mama Agnès alikuwa amekaa kwenye kigoda, ameupa mwanga mgongo, anashona sketi ndogo.

"Hodi."

"Karibu," alisema, kisha akainua macho.

"Mama, nimekuya kutwaa mutoto."

"Analala."

"Analala toka siku ile?"

Nyuma ya pazia kitu kidogo cha bati kilianguka sakafuni, kikaviringika. Jirani walikuwa wameanza kujaa mlangoni, maana palipo na mwanga watu hukusanyika. Kabemba alikuwa kati yao, na nguo za kazi.

Mama Agnès aliweka sindano chini. "Kule ku gare batoto banakufa," alisema, na sauti yake ikatetemeka kweli. "Kila siku banazika. Nikupe mutoto ya mwana wangu, akufe juu ya makaa ya treni? Nilimupaka mpemba, nikamuona vile iko mudogo. Mikono yangu ilikatala kumurudisha. Weye uko mama. Unajua."

Mushiya alijua. Siku iliyopita alikuwa amemshika mtoto wa mtu mwingine mpaka mwisho, kwa sababu mama yake alikuwa amekwenda kutafuta maji.

"Kama kule kunaua, mama," alisema, "mi munanituma kule ju ya nini?"

Mama Agnès alikuwa mtu wa majibu. Avenue nzima ilimjua kwa hilo. Aliokota sindano, akaiweka chini tena.

"Haiko mi nakutuma."

"Njo nani ananituma?"

Mlangoni mtu alikohoa, na mwingine akamkanyaga ili anyamaze.

Mushiya alipita pembeni mwa kigoda, akavuta pazia, akaingia.

Mlangoni akina mama walijifunika midomo. "Mawee!" mmoja alipiga kelele. "Anavuka! Mukwe anavuka!" Kelele ikatoka nje, ikafika barabarani, ikapita nyumba kwa nyumba, na watu walioacha sufuria motoni wakaja mbio. Wanaume walitikisa kichwa. Bibi mmoja alikaa chini kwenye udongo kwa mshtuko, akaomba maji. Tangu jua lilipofunikwa hakuna mtu Musonoi aliyekuwa ameona jambo kama hilo.

Kitanda kilikuwa cha chuma, cha kijani. Abigaëlle alikuwa amekaa juu yake, anapanga vifuniko vya chupa. Mpemba iliyokauka ilikuwa imepasukapasuka kwenye paji la uso wake. Alikuwa anawaka mwili mzima, kiasi kwamba chini ya kitanda zilionekana springi, sanduku, na kandambili za marehemu babu yake. Jino lililolegea lilikuwa limeng'oka, na pengo nalo lilitoa mwanga alipocheka.

"Mama, angalia. Mi nawaka."

"Naona," alisema Mushiya, akambeba.

Mtoto akazimika. Chumba kikawa giza, na salo pia, na maua yakatoka ukutani. Mlangoni watu waligongana.

"Nani anazima?" mmoja aliuliza nje.

Polycarpe aliitwa. Alikuja amebeba kiti cha yule mwalimu ili apate kuona, akakiweka katikati ya salo, akakaa. Mwanga wa kiti ulimpiga kutoka chini, ukamfanya macho yawe mashimo. Alitaka mambo yaende kwa haki.

"Mupe kambo, bibi yake," alisema.

Mushiya hakutaka, lakini Abigaëlle alishushwa, bibi yake akamshika mkono, naye akawaka mara moja.

"Mupe mama yake."

Akazimika.

"Mupe baba."

Kabemba alinyoosha mikono. Mtoto aliwaka, akazimika, akawaka tena, kama taa za Kampuni siku zile umeme ulipoanza kuchoka. Kabemba alimrudisha haraka, kama mtu aliyeshika kitu cha moto.

Polycarpe alirudia yote, kutoka mwanzo, ili kusiwe na makosa. Kisha akaweka mikono juu ya magoti.

"Mambo iko wazi," alisema. "Mutoto ni ya mama yake. Hakuna mutu mu avenue hii atasema hatukuona."

"Eeh," walisema akina mama. Hata Mama Agnès alikubali kwa kichwa, kwa sababu alikuwa mkweli.

"Mwangaza inasema yake, na tunasikia. Lakini na sisi tunasema yetu. Mutoto anabakia kwa bantu ya baba, na huyu mama anaenda. Treni ni kesho." Akamgeukia Kabemba. "Na weye, tata? Uko na neno?"

Watu wote walimwangalia Kabemba. Mushiya pia, na mtoto kiunoni, gizani, upande ule ambao mwanga wa kiti haukufika.

"Mi nasema mambo ipole," alisema Kabemba.

"Anasema vizuri," alisema Polycarpe.

Vijana walimshika Mushiya mabega. Hawakumpiga, maana mama mkwe alikuwa anaangalia. Abigaëlle alikuwa amekamata gauni la mama yake kwa mikono miwili, na Mama Agnès ndiye aliyeibandua, huku analia, huku anamwambia pole, pole, mwana wangu. Alibandua kidole kimoja kimoja. Kila kidole kilichobanduka kiliwaka. Kulikuwa na vidole vinavyowaka na vidole vyeusi kwenye mkono mmoja, na watu waliokuwa mlangoni waliona kila kimoja, mpaka cha mwisho. Halafu salo yote ikawa nyeupe, na kila mtu akaona uso wa mwenzake.

"Sasa tunaona," alisema mtu.

Mabehewa yaliondoka kesho yake. Mushiya aliwekwa katikati, amesimama, kwa kuwa hapakuwa na nafasi ya kukaa. Mzee Tshimanga alisimama karibu naye, amekumbatia begi la vipande vya ngozi. Kabla ya kufika Lubudi treni ilitoka chini ya mwezi, na jua likawapiga wote kwa mara moja. Watu walipiga kelele, wakafunika macho kwa mikono. Pale ndipo Mushiya alipoona kwamba gauni lake lina alama nyeupe ya mpemba, kifuani, mahali mtoto alipoegemeza paji la uso. Mzee Tshimanga aliiona pia. Alisogea kidogo, akampa nafasi ili watu wasimsugue. Mikono ya Mushiya ilikuwa bado imekunjwa kama mtu aliyebeba, na ilibaki hivyo, na waliokuwa karibu waliizoea, wakaipitia chini.

Kolwezi, mwezi uliachilia jua siku behewa la mwisho lilipotoka. Haukusubiri kupigiwa sufuria. Watu walifurahi, wakatoa magodoro nje, wakafua. Polycarpe alisema sasa maisha yatarudi. Kazi haikurudi. Mashine za Kampuni zilibaki zimelala, na wanaume wakaendelea kukaa nyumbani, sasa na mwanga wa kutosha.

Vitu vilivyochukuliwa viliendelea kuwaka. Mchana havikuonekana sana, lakini jua likizama avenue iling'aa, na wageni waliopita barabara kubwa waliuliza kama Musonoi wameletewa umeme mpya. Nyumba ya Polycarpe ilionekana kutoka mbali. Watu waliongea vizuri juu yake, wakasema ni mtu aliyejua kuangalia mbele.

Kabemba alihamia chumba cha nyuma kisicho na dirisha, akawa analala ameelekea ukuta. Mara mbili hivi alisema ataenda Kasai kumtafuta mke wake. Aliulizwa ni sehemu gani ya Kasai. Hakujua.

Abigaëlle alianza shule. Darasa halikuwa na balbu, na siku za mvua kubwa kulikuwa na giza, hivyo mwalimu mpya alimweka katikati. Watoto walimpenda, waligombania kukaa karibu naye. Alijifunza kusoma haraka, maana hakuwa na saa ambayo hakuona. Shida yake ilikuwa kulala. Alijifunika shuka, akajifunika blanketi, akaweka mto juu ya uso, na bado aliona mwanga ndani ya kope zake. Mama Agnès alimshonea kofia ya kitambaa kinene. Haikusaidia.

Jioni jirani walikuja na maharagwe yao. Walikaa salo kwa Mama Agnès, ungo juu ya magoti, wanachambua mawe na mabovu, wanapiga habari, na Abigaëlle amekaa katikati kwenye mkeka. Jioni moja alikuwa amechoka, kichwa kinamwanguka.

"Kambo," alisema, "mi nazimika namna gani?"

Akina mama walicheka, kwa upendo tu. Mmoja alimpapasa kichwa.

"Funga macho," alisema Mama Agnès.

Mtoto alifunga macho. Alikaa hivyo, ameyakaza, pumzi ameizuia, mikono ameibana kifuani. Waliendelea kuchambua.

"Nimezimika, kambo?"

Mama Agnès alimwangalia. Sindano yake ya kushonea ilikuwa imechomwa kwenye kola ya blauzi, na mkono wake mmoja uliinuka kidogo, ukashuka tena kwenye maharagwe.

"Sogea huku," alisema. "Mama huyu haone mawe."

Abigaëlle alisogea.